Nanga ya Sajini: Mjadala wa Mlimani Kuhusu Mabaharia

Hoja iliyo mezani ni hii: kwamba mila na alama za mabaharia wa vyeo vya kati, yaani wale walio juu ya baharia wa kawaida lakini hawana kamisheni, ni masalia ya kigeni, na jeshi la nchi huru lingefanya vizuri kuyaacha. Mimi naipinga. Naipinga kwa sharti, na sharti lenyewe ndilo kiini cha makala haya: alama ya sajini au ya afisa mteule inastahili kubaki pale tu inapompa aliyeivaa haki ya kumwambia mkubwa wake ukweli na wajibu wa kumlinda mdogo wake. Ikikosa hayo mawili, wanaotaka itupwe watakuwa na haki. Ili kila upande usikike nimezigawa hoja kwa wasemaji wanne: Mwalimu wa historia, ambaye ndiye mtoa hoja; Afande, aliyestaafu akiwa afisa mteule; Mzee kutoka Masoko; na Binti aliye chuoni. Hawa si watu fulani. Ni hoja zinazosikika kila suala hili linapoguswa, nami nimezipa vinywa. Kikao chao nakiweka Tukuyu, kwenye migomba na mashamba ya chai, na msemaji wa kwanza anaanza kwa kuhoji hapo hapo.

“Ndugu zangu,” anasema Mwalimu, “tuko karibu mita 1,500 juu ya usawa wa bahari. Mtoto wa hapa anajua mvua, ukungu na mgomba kabla hajajua nanga. Kama kuna mahali Tanzania ambapo desturi za manowari haziwahusu wenyeji, ni hapa.” Jibu lake limo katika historia ya mji wenyewe. Utawala wa Kijerumani katika nchi hii ya Rungwe ulitanguliwa na meli. Mwaka 1892 na 1893 msafara wa Hermann von Wissmann ulileta vipande vya meli ya mvuke kwa njia ya mto Zambezi na mto Shire, vikabebwa mabegani mwa wapagazi pale ambapo maporomoko hayaruhusu chombo kupita, kisha vikaungwa kando ya Ziwa Nyasa. Fedha zake zilipatikana kwa bahati nasibu iliyochezeshwa Ujerumani kwa jina la kupinga biashara ya watumwa. Kituo kilichozaliwa na msafara huo pale ufukweni kiliitwa Langenburg, na makao ya utawala yalipohamishiwa mlimani, mji mpya ukaitwa Neu Langenburg. Huo ndio Tukuyu. Boma la mlimani lilizaliwa na meli, na jina lake la kwanza lilitoka ufukweni.

Meli hiyo hiyo ndiyo iliyoileta vita mapema katika ziwa letu. Tarehe 13 Agosti 1914, siku tisa baada ya Uingereza kuingia vitani, meli ya Waingereza iitwayo Gwendolen iliikuta Hermann von Wissmann imepandishwa nchi kavu kwa matengenezo huko Liuli, ikaipiga mizinga na kuilemaza. Tangu hapo ziwa likawa la Waingereza. Majeshi ya Kijerumani kutoka Neu Langenburg yalijaribu kuitwaa Karonga, kituo cha Waingereza, mwezi Septemba yakashindwa, na Mei 1916 askari wa Jenerali Northey wa Uingereza wakaingia Tukuyu. Wanaosimulia kisa hicho hupenda kuwakumbuka makapteni wa meli hizo mbili, Rhoades na Berndt, kwa kuwa walikuwa marafiki kabla ya vita. Wachochea moto, washika usukani, mabaharia wa Kiafrika wa pande zote mbili, na yule mmoja aliyewapangia zamu na kujua kila kamba ilipofungwa, hawana majina. Utetezi wangu unaanzia hapo. Historia ya majini ina tabia ya kumwandika kapteni na kuisahau sitaha, na alama ya cheo cha kati ni mojawapo ya njia chache ambazo sitaha imejiwekea kumbukumbu yake yenyewe.

“Tuseme basi ziwa linatuhusu,” Mwalimu anakubali, “lakini tazameni alama zenyewe. Nanga iliyozongwa na kamba ilikuwa muhuri wa maamiri wa Uingereza. Lord Howard wa Effingham, aliyeziongoza manowari dhidi ya Wahispania mwaka 1588, aliitumia. Wamarekani wakaichukua, na cheo cha Chief Petty Officer walichokianzisha tarehe 1 Aprili 1893 ndicho kinachojulikana kwayo hadi leo. Sisi jeshi letu la majini tumelipata mwaka 1971, tena kwa msaada wa China. Baharia wa kambi yetu ya Kigamboni anadaiwa nini na Lord Howard?” Hadaiwi chochote, na Mwalimu ana haki ya kuuliza. Ila swali lake linachukulia kwamba alama ni mali ya milele ya aliyeitumia kwanza, na kwamba mila za majini zilibuniwa ikulu ndipo zikashushwa kwa mabaharia. Nyingi zilipanda kutoka chini, kutoka kwenye kazi.

Chukua filimbi ya serahangi, yaani msimamizi wa mabaharia, ambayo leo hupulizwa katika majeshi mengi ya majini mgeni mkubwa anapopanda melini. Ni kifaa kidogo cha chuma kinachoenea kiganjani: bomba jembamba lililopinda kidogo, ncha yake ikielekea kwenye kibofu cha duara chenye tundu juu, na chini yake ubapa wa kushikia wenye pete ya mnyororo. Mpulizaji hukizungushia vidole kibofu, akivikaza na kuvilegeza, na sauti ikapanda au kushuka. Nota zake za msingi ni mbili tu, ya juu na ya chini, lakini kwa kuzivuta, kuzikata na kuzitetemesha hupatikana amri nyingi: vuteni, tulieni, shusheni, njooni mle. Sauti hiyo kali ilichaguliwa kwa sababu hupenya upepo ambamo sauti ya mtu hupotea. Kabla ya vipaza sauti, uhai wa waliokuwa juu ya milingoti uliitegemea. Heshima ilikuja baadaye, ikakaa juu ya kazi. Wala haja ya mtu wa namna hiyo si uvumbuzi wa Kiingereza. Jahazi la Lamu na la Sur lilikuwa na nahodha, na chini yake serahangi aliyewajua mabaharia mmoja mmoja, na hapakuwa na nahodha mwenye akili aliyesafiri msimu mzima wa kaskazi bila kumsikiliza.

Hata bara, vyeo vya kati havikuwa na ukoo mmoja. Kikosi cha tano cha askari wa Kijerumani kilikuwa na kambi Masoko, kando ya ziwa la kasoko, mwendo mfupi kutoka Tukuyu. Askari Waafrika wa kambi hiyo hawakupanda ngazi yenye majina ya Kijerumani. Walikuwa ombasha, shaushi, betshaushi, soli. Vyeo vya Kituruki vilivyopita Misri na Sudani, kwa kuwa Wissmann alianza kwa kuandikisha askari Wasudani huko Kairo mwaka 1889. Mjerumani mwenyewe, aliyetaka kila kitu kiwe cha kwao, alilazimika kuazima vyeo vya kati kutoka mahali ambapo tayari vilikuwa na heshima machoni pa askari. Hilo linaonyesha kitu ambacho hoja ya Mwalimu haikipimi: alama ya cheo cha kati haifanyi kazi kwa kuamriwa tu. Sharti walio chini waitambue.

Ushahidi ulio mzito zaidi unatoka kwenye ngoma. Beni ilianza katika miji ya pwani ya Kenya mwishoni mwa karne ya 19, ikaenea Tanganyika, na huko ikagawanyika katika vyama viwili vikubwa vilivyoshindana mji kwa mji: Marini na Arinoti. Marini walijipa jina na mavazi ya wanamaji, na katika miji mingi ndio waliohesabiwa kuwa watu wenye nafasi. Mwanahistoria Terence Ranger, katika kitabu alichokitoa mwaka 1975, aliichukua beni kwa uzito uliostahili: aliona kwamba vyama hivi, pamoja na vyeo vyao vya kijeshi, vilikuwa mahali ambapo watu walishindana, wakasaidiana na kupanga uongozi wao wenyewe. Walizikana. Walipokea wageni kutoka miji mingine. Baada ya Vita Kuu ya Kwanza askari na wapagazi walirudi makwao na ngoma hiyo, na kandokando ya Ziwa Nyasa ikapata sura mpya, mganda na malipenga, ambamo vibuyu vyenye utando wa buibui huiga tarumbeta za shaba na wachezaji hupangwa kwa vyeo. Mtu anaweza kusema huko ni kumuiga mkoloni. Nasema mwigaji huiga sura na kuishia hapo. Watu hawa walichukua sura wakaitia kazi ambayo mwenye nayo hakuikusudia: kumzika mwenzao, kumtunza mgeni, kumpa kijana wa kijijini cheo ambacho bomani asingekipata. Kama wavuvi na wakulima wa ziwani waliweza kuifanya alama ya manowari kuwa yao bila ruhusa ya mtu, jeshi lenye katiba na bendera yake haliwezi kushindwa.

Hapo Binti anaomba nafasi. “Shikamooni wazee wangu. Mimi Mwingereza wa 1588 hanitishi; anayenitisha ni sajini wa leo. Kila mila mnayoitaja ina upande wa giza. Mgeni hupelekeshwa, hudhalilishwa, huambiwa kwamba wote waliomtangulia walipita huko. Bwalo la peke yao, lugha ya peke yao, siri za peke yao. Na kwa miaka mingi mila hizo zilikuwa za wanaume. Mkizihifadhi alama, mnahifadhi na hayo.”

“Marahaba, binti yangu,” anajibu Afande, “na hapo sikupingi. Ila tenganisha alama na uchafu uliogandia juu yake.” Namuunga mkono Afande, kwa sababu uchafu huo umekwishafutwa mahali pengi na cheo kikabaki. Katika jeshi la majini la Uingereza, mgao wa pombe ya ramu ulikuwa alama ya cheo: baharia wa kawaida alipewa iliyochanganywa na maji, na wa vyeo vya kati walipewa kavu. Wengi waliapa kwamba ikiondolewa, nidhamu itavunjika. Iliondolewa tarehe 31 Julai 1970, na nidhamu haikuvunjika. Marekani, ambako kuingizwa katika cheo cha Chief kuliwahi kuandamana na vitendo vya kumdhalilisha mteule, viongozi wa jeshi la majini walivipiga marufuku na kuipanga upya shughuli hiyo zaidi ya mara moja, wakaacha yaliyo na maana: nanga kubandikwa kwenye kola, na kitabu ambacho mteule hutembea nacho ili waliomtangulia wamwandikie mashauri. Kuhusu wanawake, Loretta Walsh aliandikishwa kwa cheo hicho hicho Machi 1917, kabla wanawake wa Marekani hawajapata haki ya kupiga kura nchi nzima. Binti ameonyesha kwa haki kwamba mila huoza. Lakini kuoza kwake ni sababu ya kuipogoa, na mfano wa ramu unatuonyesha kwamba kisu kinaweza kupita bila mti kufa.

Afande anaendelea, na hapa anasema jambo ambalo wasio mabaharia hulipita haraka. Nanga iliyozongwa na kamba au mnyororo, anasema, ni aibu kwa baharia. Ni nanga iliyonasa. Haiwezi kutupwa vizuri wala kupandishwa vizuri, na chombo kizima kinaweza kupotea kwa ajili yake. “Sasa jiulize kwa nini watu wazima wavae aibu hiyo kolani. Wengi wetu tuliisoma hivi: kazi yangu iko pale palipozongwa. Kapteni anatoa amri safi. Ikifika sitahani inakutana na mtu aliyefiwa, mtu asiyelala, mashine isiyotaka kuwaka, vijana wawili wasiosemezana. Hapo ndipo mimi ninapolipwa mshahara.” Maana hiyo haimo kwenye muhuri wa Howard. Waliivumbua wavaaji wenyewe, kwa miaka mingi ya kuishi nayo, na ndiyo maana inayonivutia kuitetea.

Mtu wa namna hiyo ni wa lazima kwa sababu chombo cha majini hakisamehe ukimya. Kivuko cha MV Nyerere kilichopinduka karibu na Ukara tarehe 20 Septemba 2018 kilikuwa na kibali cha kubeba abiria 101. Waliokufa peke yao walikuwa 228. Hicho kilikuwa chombo cha raia, na sikilinganishi na manowari kwa lolote ila hili moja: chombo hakijazi abiria kupita kiasi kwa siri. Kila mtu aliye sitahani anaona. Tofauti kati ya kuona na kusema “hatuondoki” ni tofauti ya mamlaka, na mamlaka hayo lazima awe nayo mtu aliye karibu na sitaha kuliko ofisi. Mila za vyeo vya kati, zikiwa hai, humjengea mtu huyo sauti kabla ya siku ya hatari, kwa kuwa siku yenyewe hakuna muda wa kuijenga.

Mwalimu alikuwa ameiweka akiba hoja yake kubwa, na sasa anaitoa. “Afande, kwa heshima. Mnasema cheo cha kati ni daraja kati ya wakubwa na wadogo. Tarehe 20 Januari 1964, Colito, kambi ya Dar es Salaam tunayoiita Lugalo leo, nani aliongoza uasi wa jeshi? Masajini. Sajini Francis Ilogi hakuwa koplo asiyejua kitu. Alama zilikuwa mkononi mwake. Na Wahindi je? Februari 1946 mabaharia wa Royal Indian Navy walipogoma Bombay, kamati yao iliongozwa na watu wa ngazi hizo hizo. Makamu wake, Madan Singh, alikuwa Petty Officer. Mkiwapa hawa heshima, mila na bwalo lao, mnawapa na uwezo wa kuipindua meli.” Hii ndiyo hoja nzito kuliko zote zilizotolewa, na ndiyo inayonilazimu kuweka sharti langu. Haitoshi kuijibu kwa kusema kwamba wengi wa masajini duniani ni watiifu.

Tuangalie kilichotangulia uasi wa 1964. Katika King's African Rifles, jeshi la kikoloni lililoitangulia Tanganyika Rifles, kwa miaka mingi Mwafrika hakuwa afisa. Katikati ya miaka ya 1950, kelele za kutaka maafisa Waafrika zilipoanza kusikika, Waingereza walianzisha cheo cha effendi kwa masajini hodari kuliko wote. Kilikuwa na sare yake, alama zake na heshima yake kwenye gwaride. Idi Amin alikipata mwaka 1959, kabla ya kamisheni yake ya 1961. Lakini effendi hakuwa afisa, wala hakuwa tena sajini miongoni mwa masajini. Alipambwa, na mapambo yakachukua nafasi ya sauti. Uhuru ulipokuja Desemba 1961, jeshi la Tanganyika Rifles lilibaki chini ya maafisa wa Kiingereza. Miaka miwili baadaye ndio bado waliokuwa wakitoa amri nyingi za maana, na mishahara ya askari ilikuwa duni. Masajini waliyaona hayo kila siku. Walikuwa na tepe za vyeo mkononi na hawakuwa na mlango wa kupitishia neno. Madai yao yalipotoka yalikuwa mawili: mishahara, na kuondolewa kwa maafisa wa kigeni. Bombay 1946 palikuwa na chakula kibovu na matusi ya rangi kutoka kwa mkuu wa kituo cha HMIS Talwar, na huko nako malalamiko yalitangulia mgomo, hayakusikilizwa. Siuhalalishi uasi wa Colito. Ulitia nchi changa katika aibu ya kuomba msaada wa wanamaji wa Kiingereza, walioshuka kwa helikopta kutoka manowari Centaur tarehe 25 Januari. Ninachosema ni kwamba mifano yote miwili inaonyesha alama iliyokatwa ulimi. Sauti ya cheo cha kati ilipozibwa juu, ilifunguka upande. Nchi ilielewa somo hilo kwa namna yake: Tanganyika Rifles ilivunjwa, na Septemba 1964 Jeshi la Wananchi likaanzishwa, likabaki na sajini, sajinitaji na maafisa wateule wake. Halikufuta ngazi ya kati. Lingeweza kufanya hivyo, na wakati ule lilikuwa na kila sababu.

Mzee wa Masoko amekaa kimya mpaka hapa. “Ndaga,” anaanza. “Mwalimu anafundisha watoto wetu, nami namheshimu. Lakini anatafuta mtu huyu wa katikati Uingereza na Uhindi, wakati babu zake walikuwa naye hapa hapa.” Anazungumzia amafumu. Godfrey na Monica Wilson, waliofanya utafiti wao Rungwe katikati ya miaka ya 1930, waliandika kwa kirefu juu ya vijiji vya marika vya Wanyakyusa, ambamo vijana wa umri mmoja walijenga pamoja na kuzeeka pamoja, na juu ya sherehe ya ubusoka, ambamo kizazi cha baba kilikabidhi nchi kwa kizazi cha wana. Moto wa zamani ulizimwa, mpya ukapekechwa. Miti ilipandwa. Na katika shughuli hiyo, pamoja na kutambuliwa kwa malafyale, yaani machifu, vijana, walichaguliwa viongozi wa vijiji, amafumu, ambao hawakuwa wa damu ya utawala. Waliteuliwa na viongozi wa kizazi kilichokuwa kikiondoka. Walikuwa watu wa kawaida waliopewa uzito. Kazi yao ilikuwa kukilinda kijiji, mchana na, kwa imani ya wakati ule, usiku. Na kumkanya malafyale alipopotoka. Watu waliamini kwamba manung'uniko ya wanakijiji, pumzi yao ya baridi, yangeweza kumdhuru mtu aliyekosea, hata awe mkubwa.

Sidai kwamba kijiji cha Wanyakyusa kilikuwa manowari. Nadai kwamba wazo hili, la mtu asiye wa damu ya wakubwa ambaye kwa sherehe ya wazi anapewa haki ya kumkanya mkubwa, halikuja Rungwe na Wissmann. Lilikuwepo, lina mti wake na moto wake, na utawala wa kikoloni ndio uliolidhoofisha. Waingereza walipomfanya malafyale kuwa mtumishi wao wa mshahara, baada ya kuleta utawala wa kupitia wenyeji mwaka 1926, walimgeuzia uso juu, kwa Bwana Shauri, afisa wa serikali ya kikoloni, na waliomkanya kutoka chini wakapungua nguvu. Ukitaka kujua mkoloni alifanya nini kwa ngazi ya kati, mfano wa amafumu na mfano wa effendi ni mmoja: mkubwa akafungwa kwa mshahara, wa katikati akapambwa au akasahauliwa, na neno la chini likakosa pa kupita. Kwa hiyo Mwalimu anaposema kwamba kutupa alama hizi ni kukamilisha uhuru, namwomba atazame upande wa pili. Ngazi ya kati iliyo dhaifu ndiyo iliyokuwa desturi ya ukoloni. Iliyo imara, yenye mila zake na kauli yake, ndiyo inayoturudisha karibu na tulichokuwa nacho.

“Lakini Mzee,” Binti anauliza, “amafumu waliteuliwa na wazee wenzao. Afisa mteule anateuliwa na makao makuu. Aliyepandishwa na mkubwa atamkanyaje mkubwa?” Afande anatikisa kichwa. Jeshi si kijiji, anasema. Likianza kupigiana kura za vyeo litakuwa limekwisha. Wote wawili wana hoja, na hapa ndipo alama inapaswa kuingia kazini badala ya kubaki pambo. Uteuzi ubaki mikononi mwa kamandi. Lakini siku ya kuvishwa cheo, kabla nanga haijagusa kola, au utepe haujashonwa mkononi, kuwe na neno la maandishi kutoka kwa waliotangulia katika cheo hicho, linalosema wanamjua mtu huyu na mara ngapi wamemwona akisimama upande wa baharia wake, na neno hilo liingie katika faili lake mbele ya kamanda. Kitabu cha mashauri cha Wamarekani kina nusu ya wazo hilo. Ubusoka ina nusu ya pili. Pia sherehe ifanyike mbele ya mabaharia wa chini kabisa, ili nao wasikie kwa masikio yao kwamba mtu huyu amepewa ruhusa ya kuwasemea. Anayepandishwa naye aape mambo mawili mbele yao, kwa kamanda na kwa sitaha.

Afande bado hajaridhika. Ana wasiwasi kwamba kiapo kwa sitaha kitasomwa kama ahadi ya kupinga amri. Namjibu kwamba sajini asiyeaminiwa na sitaha amekwisha kuikosa amri kabla hajaitoa, na kwamba masajini wa Colito hawakuwahi kuapishwa kwa watu wao. Wangeapishwa, na mlango wao wa kusema ukawa wazi, wakubwa wao wangesikia mengi mwaka 1962. Mwalimu anauliza kama sherehe hiyo itakuwa na filimbi. Mzee anasema iwe nayo, mradi na mti upandwe pale Kigamboni, na aliyepandishwa aumwagilie mwenyewe.